Pumzi Mbili za Taib

Mlionisoma Jumamosi iliyopita mlimwacha Levi amesimama nyuma ya pazia la mlango wetu hapa Mji wa Kale, akikohoa kikohozi cha mtu mwenye ombi zito, nami nimo ndani, mjane wa siku sabini na mbili, nimejikunyata kwenye mkeka. Nitamrudia Levi. Kwanza niacheni nilitue hili lililonikaa kooni.

Trizah, yule msichana wa studio, hakuipoteza sauti ya mume wangu. Mtoto wa watu amesingiziwa. Aliyeifuta ni mimi, Fadhiya, kwa kidole changu hiki ninachoandikia.

Kwa aliyechelewa kujiunga nasi: mimi na Taib tulikutana katika mchezo wa nyimbo uitwao Dirisha Mkabala. Levi, mwongozaji wetu, aliutoa katika filamu ya zamani yenye jina hilo hilo, ya vijana wawili wanaopendana kutoka madirisha mawili ya uchochoro mmoja. Taib alikuwa fundi wa kuchonga milango, mimi mwalimu wa chekechea. Jukwaani tulipendana kwa maneno ya kuandikiwa, tukashuka tukapendana kwa yetu. Ikaja harusi, ukaja mwaka mmoja wa raha, halafu likaja lori pale Kibarani. Hayo nimekwisha kuyaeleza na sina nguvu ya kuyarudia.

Sasa turudi kwa Levi.

"Fadhiya, pole tena," akasema. Levi ni mtoto wa karani wa bandarini, kazaliwa Tudor, na adabu za pwani anazijua. Hakujaribu hata kuchungulia. "Nimekuja kwa ile albamu."

"Albamu gani, na sisi wenyewe tumekwisha kutawanyika?"

"Ya nyimbo za mchezo wetu. Waigizaji wale wale, sauti zile zile za jukwaani. Kumi na moja za wenzenu zimekwisha kurekodiwa. Umebaki mmoja, wenu wawili."

Sikumuuliza ni upi. Moyo ulikuwa umekwisha kunijibu.

"Nusu Dirisha," akasema.

"Tafuteni mwengine, Levi. Mimi nakaa eda. Miezi minne na siku kumi sitoki, sijipambi, na hata nikipiga chafya majirani wanaihesabu. Leo mwataka niimbe?"

"Wadhamini wanataka kazi mwisho wa mwezi. Lakini sikuja kwa ajili yao." Akasogea karibu na pazia. "Taib hakukwambia?"

"Kuniambia nini?"

"Kwamba alirekodi. Nusu yake ya wimbo. Siku mbili kabla ya kwenda Voi kupachika mlango wa mteja, alikuja studio peke yake, akaimba, akasema wewe utaingia yeye akirudi."

Nilishika pazia. Nadhani nililishika kwa nguvu, maana pete moja ilikatika juu ikaniangukia kichwani.

"Nenda zako, Levi," nikamwambia.

Akaenda.

Mtasema mwanamke huyu ana moyo wa jiwe. Ngojeni niwaeleze. Siku ya tatu ya msiba, mavyaa yangu, Bi Mejumaa, alikusanya simu zote za nyumba hii akaziweka kwenye sinia. Akasema, "Kila mwenye nyimbo za mwanangu azitoe. Wimbo wa maiti humfuata kaburini. Huku mwaburudika, kule yeye huulizwa."

Kama ni kweli au si kweli, mimi si mwanachuoni, waulizeni wanaojua. Ninachojua ni kwamba mama yule alikuwa amemzika mwanawe wa pekee juzi tu. Nilichukua simu yangu nikafuta video zote za jukwaani, moja baada ya moja, mbele yake. Nikamwahidi kwamba sauti ya Taib haitaimba tena duniani.

Kwa hiyo hakuna kilichobaki. Sikuwa hata na ujumbe wa sauti, maana Taib alikuwa mtu wa kupiga simu, si wa kuacha ujumbe. Usiku wa hamsini hivi nilianza kuisahau sauti yake. Sura ilikuwapo, mikono ilikuwapo, lakini sauti nikiitafuta naipata ya mtu mwengine.

Halafu anakuja Levi kuniambia kwamba sauti iko, huko studio Tudor, kwenye kisanduku.

Nilijizuia siku tatu. Ya nne nikamtumia ujumbe: "Mlete msichana wa sauti. Saa nane na nusu, watu wakilala."

Trizah alikuja na begi mgongoni na viatu mkononi, kavivua chini kabisa ya ngazi asije akamwamsha mtu. Ni binti mdogo, mpole, mwenye miwani. Mavyaa alikuwa orofa ya juu, amelala usingizi wake wa baada ya chakula.

Trizah akapiga kofi moja dogo katikati ya chumba, akasikiliza.

"Dada Fadhiya, kuta hizi za mawe zinarudisha sauti. Hamna mahali penye nguo nyingi?"

Nilicheka. Mara ya kwanza tangu msiba, nikacheka. Maana nguo zilikuwapo. Kabati zima la kanzu za Taib, ambazo zilipaswa kutolewa sadaka baada ya arobaini. Mavyaa aliniuliza mara mbili, nami kila mara nikajibu bado sijazipiga pasi, hata uongo wenyewe ukachakaa kuliko kanzu.

Nikafungua kabati. Trizah akasukuma kanzu huku na huku, akatundika maiki katikati yake, akanivisha spika za masikioni.

"Hii ndiyo ya asili," akaniambia. "Iko hapa tu kwenye diski yangu. Nangoja niiunge na yako kwanza, halafu ndiyo nimpelekee Levi. Uko tayari?"

"Siko tayari," nikasema. "Bonyeza."

Kwanza nilisikia kiti kikiburutwa. Kisha mtu akakohoa, nikakijua kile kikohozi, cha vumbi la mbao. Kisha Taib akasema, hakuimba, akasema tu, karibu kabisa na sikio langu:

"Trizah, hapa niachie pumzi mbili. Mke wangu huchelewa kuingia, nami sitaki kumuacha nyuma."

Muziki ukaanza.

*Lifungue nusu yake, nipate japo mwangaza…*

Halafu kimya. Pumzi moja. Pumzi mbili. Kimya kile aliniachia mimi.

Mara ya kwanza nililia. Mara ya pili nikalia. Mara ya tatu niliingiza kichwa kati ya kanzu, nikashika mkono mmoja wa ile ya Idi, nikaimba:

*Nikilifungua lote, jirani watatangaza…*

Nilichelewa, kama desturi yangu. Na pumzi zile mbili zilinitosha sawasawa.

Tuliimba hadi mwisho, mimi na mume wangu. Wala sikuwa mjane kwa dakika nne zile, naapa.

"Imekamata," Trizah akanong'ona, machozi yakimdondoka chini ya miwani. "Dada, imekamata. Sikiliza."

Akairudisha mwanzo. Nami, kwa furaha ya kijinga, nikatoka kabatini kwa haraka nikisahau kwamba nimefungwa. Waya wa spika ukanasa kwenye ufunguo wa kabati, ukachomoka kwenye kompyuta, na nyumba nzima ikajaa sauti.

"…Mke wangu huchelewa kuingia, nami sitaki kumuacha nyuma."

Juu kukawa na kishindo.

"Taib!"

Trizah akakurupuka kutafuta pa kuzima. Nyayo zikashuka ngazi mbio, nyayo za mwanamke wa miaka sitini na minane mwenye goti bovu. Mavyaa akaingia bila mtandio, nywele nyeupe wazi. Tangu niolewe sikuwahi kuziona nywele zake.

"Yuwapi?" akauliza. "Nimemsikia. Yuwapi mwanangu?"

"Mama…"

"Nimemsikia akisema! Mpe chakula kwanza, Fadhiya, huyu huja na njaa, usimuulize maneno."

Hapo ndipo wimbo ukaanza. Taib akaimba kutoka kwenye kompyuta iliyo juu ya mkeka, na mavyaa akaiona. Akatazama kompyuta, akatazama kabati lililo wazi, akanitazama mimi. Akakaa sakafuni.

Trizah akazima. "Namletea mama maji ya sukari," akasema, akakimbilia jikoni.

Tukabaki wawili.

"Uliniahidi nini?" mavyaa akauliza. Sauti yake haikuwa na hasira, na afadhali ingekuwa nayo.

"Mama, ni hii moja tu. Duniani kote imebaki hii moja."

"Basi ndiyo hiyo imzuiayo. Nimemuota mara tatu, Fadhiya. Kinywa kimejaa mchanga, ataka kusema hawezi. Kumbe wewe wamuimbisha."

"Namsahau, mama. Nasahau alivyokuwa akisema."

"Nami nimemzaa!" Akapiga kifua. "Wadhani mimi sitaki kumsikia? Nimeshuka ngazi mbio!"

Akanishika mkono, mkono wangu huu wa kulia.

"Ulipomtaka mwanangu sikukunyima. Watu walisema, muimbaji huyo, mwanamke wa jukwaani. Nikasema nampa. Nilikupa nilichokuwa nacho. Leo nami nakuomba kitu kimoja, usininyime. Ifute."

Wasomaji wangu, kuna watu watakaoniuliza kwa nini sikungoja, kwa nini sikumdanganya, kwa nini sikuificha mpaka mambo yapoe. Nimejiuliza zaidi yenu. Lakini mama wa mtu alikuwa sakafuni, kichwa wazi, amenishika mkono, na kila alilosema lilikuwa kweli. Alinipa mwanawe.

Kompyuta niliijua kidogo, tulikuwa tukiitumia wakati wa mazoezi. Nikaitafuta ile yenye jina lake. Mashine ikaniuliza kama nina hakika. Iliniuliza mara moja tu.

Nikabonyeza.

Iliyobaki ni nusu yangu, mwanamke anayejibu maneno ambayo hakuna aliyeyasema.

Trizah akarudi na gilasi. Akamnywesha mavyaa, akakunja nyaya zake kimyakimya, akaninong'oneza mlangoni, "Usijali, dada. Tumeipata. Iko salama."

Nami nikamwambia, "Ahsante, mwanangu. Teremka polepole, ngazi ya tatu imelegea."

Hilo ndilo nililomwambia. Habari za ngazi.

Baada ya siku mbili Levi akapiga simu. Alikuwa akihema.

"Sauti ya Taib haipo! Trizah ameipoteza. Diski nzima tumeipekua."

"Yeye asemaje?"

"Atasema nini? Analia tu, asema labda ulipochomoka ule waya. Kazi ya miezi minane, Fadhiya! Nimemtoa. Na nimewaambia wenzake wa studio zote za mji huu, asije akaharibu kazi ya mtu mwengine."

Hapo ndipo pangekuwa pa kusema. Nilifungua mdomo. Mavyaa alikuwa amekaa mbele yangu akichambua mchele, nikaufunga.

"Arnold wa kundi letu ataimba badala ya Taib," Levi akaendelea. "Nisamehe. Najua si sawa."

"Si kitu," nikasema.

Si kitu! Nimezikwa ulimi kabla ya mwili. Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi, lakini hawakusema kwamba akikaa kimya tu huendelea kutembea, tena juu ya migongo ya watu.

Sasa nifikie lile lililonifanya nichukue kalamu.

Ilikuwa Jumapili, alasiri. Mavyaa akaja chumbani kwangu na vikombe viwili vya chai ya tangawizi, akakaa nami mkekani. Siku zote hizo hatukuwa tumezungumza ila ya jikoni.

"Fadhiya," akasema. "Tangu siku ile sikumuota tena."

"Alhamdulillahi, mama. Amepumzika."

"Nami nilisema hivyo. Siku ya kwanza nilisema hivyo." Akapuliza chai yake, asiinywe. "Sasa nalala mapema makusudi, nikamngoje. Haji. Hata na ule mchanga wake haji."

Nikamshika goti lile bovu, nikalikanda.

"Nataka kukuuliza kitu, usinicheke. Yule msichana wa miwani. Kile chombo chake."

"Ndiyo, mama."

"Pale mwanzo. Aliposema, mke wangu huchelewa kuingia." Alilitamka kwa mlio wa mwanawe, kupanda na kushuka kwake, kitu ambacho mimi nisingekiweza. "Pale hakuimba. Au aliimba?"

"Hakuimba, mama."

"Alikuwa akisema tu."

"Akisema tu."

"Kusema si kuimba." Uso wake ukafunguka, nikauona alivyokuwa msichana. "Nimelifikiri siku nzima. Wimbo nimesema ufutwe, na umefutwa, hilo limepita. Lakini pale pa maneno hapana neno. Mtu akimtaja mkewe kwa wema, nani atamuadhibu? Ni thawabu ile! Basi mwambie yule msichana aje aniwekee pale pa maneno. Mara moja. Ikiwa hana haraka, mara mbili."

Nikaweka kikombe chini. Maneno na wimbo vilikuwa kitu kimoja, wasomaji wangu. Kimeanza kwenye kile kiti kilichoburutwa, kikaishia kwenye pumzi yake ya mwisho ya kuimba. Nilipofuta kimoja nilifuta vyote, na yeye hakuwa na njia ya kulijua hilo. Katika maisha yake yote mavyaa hajawahi kugusa kompyuta.

"Atakuja lini?" akauliza.

Nikasema, "Alhamisi, mama."

Nilisema Alhamisi kwa sababu ilikuwa mbali.

Jumatatu akafagia ngazi. Jumanne akamwita fundi, ile ya tatu iliyolegea ikapigwa misumari. Jumatano akaagiza machungwa Marikiti, matamu ya kukamua, na akaniuliza kama watu wa bara hula mkate wa sinia. Nikamwambia wanakula. Akasema, "Basi nitatia iliki nyingi."

Sikumpigia Trizah. Ningempigia nimwambie nini? Njoo utuwekee nilichokifuta, kwa jina lako lililochafuka? Nilipanga Alhamisi ikifika niseme msichana anaumwa. Uongo juu ya uongo, hata siku mavyaa atakapochoka kuuliza.

Alhamisi, saa tisa na nusu, tukasikia sauti chini.

"Hodi!"

Mavyaa akanitazama, amejaa furaha. "Si huyo!"

"Nitamfungulia mimi, mama," nikasema, nikashuka.

Alikuwa Trizah kweli. Begi mgongoni, macho yamevimba. Hakuniamkia, na binti yule hukuamkia hata akikukuta mara tano kwa siku.

"Nimeipeleka diski kwa fundi," akasema kwa sauti ya chini. "Nimeuza simu yangu kumlipa. Ameniambia haikupotea. Ilifutwa kwa mkono. Siku ile ile, saa tisa kasoro dakika nane."

Nikaegemea ukuta.

"Saa tisa kasoro dakika nane mimi nilikuwa jikoni kwenu, dada Fadhiya. Nakoroga sukari."

"Trizah…"

"Fundi angeweza kuirudisha kama ningemwahi. Lakini Levi alichukua diski yangu akamrekodi Arnold papo hapo juu yake kabla ya kunirudishia. Haipatikani tena, mahali popote." Akakaza mikanda ya begi lake. "Sikuja kugombana. Nataka kujua tu. Nimekukosea nini?"

"Hujanikosea kitu."

"Basi mwambie Levi."

"Fadhiya!" mavyaa akaita kutoka juu. "Mbona mwamsimamisha mgeni mlangoni? Mpandishe!"

Kabla sijasema kitu alikuwa amekwisha kuteremka nusu ya ngazi, goti na maumivu yake, amevaa leso yake mpya, ile aliyosema haitavaliwa hadi mwaka upite. Akamshika Trizah mkono akampandisha kama mwanawe. Akamkalisha kwenye mkeka mpya. Akamsogezea sinia ya mkate, machungwa yaliyomenywa, akamuuliza mama yake hajambo na baba yake hajambo, akamwambia amekonda, ale.

Trizah hakula. Alinitazama mimi.

"Najua una kazi nyingi," mavyaa akasema. "Sitakuweka sana." Akajifunga leso vizuri kichwani, akakaa mkao wa mtu anayengoja kusomewa barua, akaweka mkono nyuma ya sikio ili asikose hata neno moja. "Haya, mwanangu. Niwekee pale asipoimba."

Trizah akaifungua kompyuta. Akaishika magotini bila kuigusa, akageuka kwangu, akangoja niseme.

Na mavyaa naye, alipoona kimya kimezidi, akageuka kwangu, bado anatabasamu.

Nikavuta pumzi moja. Nikavuta ya pili.

Nikachelewa.